Mauzauza ya sebuleni: namna ya kugeuza siku ya kawaida kuwa kipindi cha runinga

Mwaka 1971, watazamaji wa kituo cha Scottish Television walikuwa wakiangalia vipindi vyao kama kawaida, mara skrini ikabaki tupu na bomba la maji likajitokeza ndani yake. Bomba likafunguka. Maji yakaanza kupanda kutoka chini, kana kwamba runinga yenyewe ni tanki la kioo, mpaka skrini nzima ikazama. Hakuna mtangazaji aliyeeleza chochote kabla wala baada, na jina la msanii halikutajwa. Msanii huyo alikuwa Mwingereza David Hall, na kipande cha bomba ni kimoja kati ya vipande vifupi alivyotengeneza ili vichomekwe katikati ya vipindi vya kawaida bila taarifa.

Bomba ni kitu ambacho kila mtu amekigusa asubuhi. Hall hakulipaka rangi za ajabu wala hakulipa mabawa. Alivunja kanuni moja tu, kwamba runinga ni dirisha na si chombo cha kujaza maji, akaacha mengine yote yalivyo.

Kiswahili chetu kinatofautisha vizuri jambo hili. Kuna mazingaombwe, halafu kuna mauzauza. Mazingaombwe ni ya jukwaani: mtu anatoa njiwa kwenye kofia, nawe unajiuliza, "Kafanyaje?" Mauzauza hayana jukwaa. Unapita mahali unapopita kila siku, jicho linakuletea kitu ambacho akili inakikataa, unabaki kujiuliza, "Hivi nimeona sawasawa?" Mwongozo huu ni wa kutengeneza mauzauza. Mtazamaji akikuuliza umetumia programu gani, ujue umeteleza ukaangukia kwenye mazingaombwe.

Tunatengeneza kipindi cha dakika 5, ndani ya chumba kimoja, chenye mtu mmoja au wawili. Unahitaji simu au kamera yoyote ya video, stendi isiyotikisika, taa moja au mbili, na programu ya kuhariri inayokuruhusu kupanga picha kwa matabaka, moja juu ya nyingine. Ukikosa stendi, jenga mnara wa vitabu na uifunge simu kwa utepe. Sharti ni moja: kamera isisogee hata unywele.

Hatua ya kwanza: vizia kitendo

Usianze na wazo, anza na daftari. Kwa siku 3 andika vitendo vidogo vinavyorudiwa nyumbani bila mtu kuvifikiria: kuning'iniza funguo, kukunja shuka, kufunga kamba za viatu, kumimina maji, kuzima taa kwa kiwiko kwa sababu mikono imejaa. Usiandike "anarudi nyumbani". Andika anachofanya mkono. Mimi niligundua siku ya pili kwamba kila nikiingia ndani nagusa ukuta kabla ya kugusa swichi, ingawa swichi naijua ilipo hata gizani. Mguso huo wa bure ndio uliokuja kuwa kipindi kizima.

Kitendo kizuri kina mwanzo na mwisho unaoonekana, hakizidi dakika 2, kina sauti yake, na mtazamaji anaweza kukimalizia kichwani hata ukikikatiza katikati. Hili la mwisho ndilo kubwa. Kama mtu hajui kitakachofuata, hawezi kushtuka kisipofuata. Ndiyo maana harusi, ajali na ugomvi havifai hapa. Tayari vina ushangao wao, na ushangao wako hautapata pa kukaa.

Kuanzia hapa nitatumia mfano mmoja: mtu anaingia, anatundika funguo, anakaa mezani, anamimina maji kwenye glasi, anakunywa, anatoka.

Hatua ya pili: vunja kanuni moja, moja tu

Chumba chochote kina sheria ambazo hakuna aliyewahi kuziandika ukutani. Vitu huanguka kwenda chini. Saa husonga mbele. Mtu mmoja huwa mahali pamoja kwa wakati mmoja. Glasi hubaki glasi hata ukiipa kisogo. Sauti hutoka pale kitu kilipo. Picha ya runinga haitoki nje ya runinga. Chagua mojawapo, uivunje kuanzia mwanzo hadi mwisho, na zilizobaki uziheshimu kuliko hata zinavyoheshimiwa katika maisha ya kweli.

Najua ushawishi utakaokujia, kwa sababu ulinijia mimi. Katika kazi yangu ya kwanza nilikuwa na maji yanayopanda, mtu aliyegawanyika watatu, ukuta uliobadilika rangi na saa iliyorudi nyuma, vyote ndani ya dakika 3. Nilimwonyesha dada yangu. Akatazama mpaka mwisho kwa heshima zote, kisha akaniuliza, "Kumbe umepakua programu mpya?" Nilifuta yote nikabakiza maji peke yake.

Ukiwa na kanuni moja iliyovunjika, mtazamaji huielewa bila kuambiwa, huanza kuitabiri, kisha huanza kuiogopa. Ukiwa nazo saba, hatabiri chochote. Anasubiri tu ujinga unaofuata.

Hatua ya tatu: andika ukurasa mmoja

Andika kinachoonekana na kinachosikika, basi. Usiandike maana, wala usiandike "mhusika anahisi upweke". Hivi ndivyo ukurasa wangu ulivyokuwa kwa sehemu ya katikati:

"Dakika 1 na sekunde 10. Mwanamke amekaa. Meza imenyooka. Anachukua jagi, anamimina. Maji hayashuki wima, yanalala kushoto. Glasi iko kushoto, pale yanapoangukia, kana kwamba aliiweka huko akijua. Anaacha kumimina. Uso wa maji ndani ya glasi umeinama. Anakunywa. Hashangai. Anaweka glasi. Kijiko kinabingirika polepole kuelekea kushoto. Anakizuia kwa kidole bila kukitazama."

Soma tena lile neno "hashangai". Liandike kwa herufi kubwa ukitaka, na umsomee mwigizaji wako kila kabla ya kurekodi. Siku mhusika atakaposhangaa, mtazamaji atapumzika, maana kazi ya kushangaa imeshafanywa na mwingine.

Hatua ya nne: funga kamera

Kazi ya hatua hii ni ya kuchosha, na ndiyo inayoamua kama utafaulu. Kamera ya simu ina tabia ya kujirekebisha yenyewe. Mtu akipita mbele yake inaongeza mwanga, akiondoka inapunguza, akikaribia inahamisha fokasi, yaani pale picha inapokuwa kali. Kwa video ya kawaida hilo ni msaada. Kwa kazi yetu ni maafa, kwa sababu tutakuja kubandika picha mbili za chumba kilekile pamoja, na zikitofautiana mwanga hata kidogo mshono utaonekana. Kwa hiyo funga fokasi, funga kiwango cha mwanga, funga rangi. Kama programu ya kamera uliyonayo haikuruhusu kufunga vyote vitatu, tafuta nyingine inayoruhusu.

Kisha kuna mwendo wa fremu, yaani idadi ya picha ambazo kamera inarekodi kila sekunde. Umeme wa nyumbani hucheza mara 50 au mara 60 kwa sekunde kulingana na nchi, na taa nyingi huwaka na kufifia maradufu ya hapo. Jicho halioni, kamera inaona, nawe utapata mistari myeusi inayotambaa ukutani. Penye umeme wa hezi 50, rekodi fremu 25 kwa sekunde na kasi ya shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga, iwe 1/50 au 1/100 ya sekunde. Penye hezi 60, tumia fremu 30 na 1/60. Rekodi sekunde 10 za ukuta mtupu, utazame kwenye skrini kubwa. Ukuta ukitulia, endelea. Ukitambaa, badilisha taa.

Dirisha lifunike. Jua linasogea, na wingu moja likipita litakuharibia kazi ya saa nzima.

Ukishafunga kila kitu, toka chumbani. Rekodi chumba kitupu kwa dakika nzima, bila mtu, bila kugusa chochote. Utaona kama unapoteza muda. Siku ya kuhariri utanishukuru.

Hatua ya tano: piga picha

Njia ziko nyingi. Tatu nitazieleza kwa kirefu kwa sababu hazidai vifaa na zinatoa mauzauza ya kweli, nyingine nitazipitia haraka.

Meza iliyoinama. Mchekeshaji wa Marekani Ernie Kovacs alifanya hivi kwenye kipindi chake kisicho na maneno katika kituo cha runinga cha NBC mwaka 1957. Alijenga chumba kilichoinama, akainamisha na kamera kwa kiwango kilekile, hivyo nyumbani kila kitu kilionekana kimenyooka, isipokuwa maziwa aliyomimina kutoka kwenye chupa yake yalikwenda upande. Hakuna hila ya kompyuta hapo. Mvutano wa dunia ndio uliomfanyia kazi.

Meza yako ikiwa na urefu wa sentimita 120, inua miguu ya upande wa kulia kwa sentimita 31, na utapata mwinamo wa nyuzi 15. Zaidi ya hapo vitu vinateleza na mwigizaji anachoka, na chini ya nyuzi 10 watu watadhani ulikosea tu kumimina. Sasa zungusha kamera kwenye stendi mpaka ukingo wa meza ulale sambamba na ukingo wa chini wa picha. Bandika vitu mezani kwa utepe wenye gundi pande zote mbili. Mwigizaji akae ameegemea upande, ili mwili wake usimame wima kwa kulinganisha na meza na si na sakafu. Kama hawezi kuvumilia, onyesha mikono tu.

Maadui wako ni vitu vinavyoning'inia. Pazia, mkufu, hereni, nywele ndefu, kamba ya taa, vyote vinajua chini ni wapi, na vitakusaliti. Vifunge au uviondoe. Ukuta wa nyuma uwe mtupu, kwa sababu fremu ya mlango itaonekana imelala. Halafu kuna uso wa maji ndani ya glasi. Utainama, juu zaidi upande wa kushoto, na hakuna njia ya kuuficha. Usijaribu. Ndio picha nzuri kuliko zote katika kipindi hiki. Mtulize mwigizaji, muache ameshika glasi sekunde 6 bila kufanya lolote.

Mtu mmoja, mara tano. Hapa kanuni inayovunjika ni kwamba mtu yuko mahali pamoja. Kamera haisogei. Mwigizaji anaingia na kufanya kitendo chake peke yake, kisha anarudia, na kila mara unarekodi upya. Baadaye unaweka picha hizo matabaka na kuzikata kwa maski, yaani unachora umbo kumzunguka mtu ili tabaka la chini lionekane pengine pote. Msanii wa Poland Zbigniew Rybczyński alijaza watu 36 ndani ya chumba kimoja kidogo mwaka 1980, kila mmoja akirudia jambo lake dogo bila kumwona mwenzake. Wakati huo maski zilitengenezwa kwa mkono, na kazi ya dakika 8 hivi ilimla miezi 7. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar mwaka 1983. Wewe kwa watu watano utahitaji siku mbili.

Ugumu hauko kwenye programu, uko kwenye ratiba. Chora jedwali: juu andika sekunde, kando andika sehemu za chumba, yaani mlango, ndoano ya funguo, kiti, meza. Kitendo chetu kikiwa cha sekunde 20, na kila nakala ikianza sekunde 4 baada ya iliyotangulia, sekunde ya 16 watu wote watano watakuwa chumbani kwa pamoja. Angalia jedwali: je, kuna visanduku viwili vinavyogongana? Kama yupo anayekaa kitini wakati mwingine hajasimama, sogeza mmojawapo kwa sekunde 2 na uangalie tena. Watu wasipopishana mwili kwa mwili, maski zako zitakuwa mistari michache tu iliyonyooka. Wakipishana, utachora maski fremu kwa fremu usiku kucha ukijilaani.

Mwigizaji anahitaji saa masikioni. Rekodi sauti yako ukihesabu moja mpaka 20, aisikilize kwa spika ya masikioni, ili kila mara aguse ndoano kwenye nne na glasi kwenye kumi na moja. Vivuli pia vihesabu. Kivuli cha mtu kinachoingia nje ya maski kitakatwa kama kwa kisu. Weka taa juu, ziwe laini, kivuli kikae miguuni.

Baada ya mizunguko mitatu kitu cha ajabu hutokea. Macho yanaacha kuona mtu mmoja aliyerudufiwa, yanaanza kuona familia. Huyu anamkwepa yule. Wale wawili hawazungumzi. Hakuna aliyeandika hadithi hiyo. Usiiharibu kwa kuongeza nyingine.

Wakati unaorudi nyuma. Kila mtu amewahi kucheza video kinyume, kwa hiyo haitoshi. Unachotaka ni mtu anayesonga mbele katika dunia inayorudi nyuma. Njia yake ni hii. Rekodi mwigizaji akifanya kitendo kawaida. Kigeuze kinyume, mtazame pamoja mara 10. Sasa ajifunze kuiga huo ukinyume: anaingia kwa mgongo, anapokea funguo kutoka kwenye ndoano, mdomo unaipa glasi maji (hili usimlazimishe, atapaliwa). Mrekodi akiigiza kinyume, kisha geuza rekodi hiyo. Mtu ataonekana anakwenda mbele, lakini uzito wake haukai sawa. Kisigino kinafika kabla ya mwili, kope zinafunga taratibu na kufunguka haraka. Wakati huohuo, chochote ambacho hakikuigizwa, kama moshi, maji au karatasi inayoanguka, kinarudi juu. Vaa nguo nyepesi kama unataka mauzauza zaidi. Kitambaa kizito hakina cha kusema.

Njia nyingine, kwa kifupi. Ukielekeza kamera kwenye runinga inayoonyesha picha ya kamera hiyohiyo, utapata shimo lisilo na mwisho, na ukiizungusha kamera kidogo shimo hilo linajisokota kama ganda la konokono. Weka mkono katikati na utaona mikono hamsini. Picha moja moja za kusogeza vitu: kwa fremu 25, ukiipa kila picha fremu 2, dakika 1 inadai picha 750, kwa hiyo fanya sekunde 15 tu na usijitese. Tena kuna kupasua wakati, ambako kila mstari wa picha unatoka wakati tofauti. Picha ya video ya kawaida ina mistari 1,080. Ukichelewesha kila mstari kwa fremu moja, mstari wa chini utakuwa nyuma ya ule wa juu kwa sekunde 43, na mtu anayegeuka kwenye kiti atasokoteka kama kamba. Kwa mwendo wa kibinadamu sekunde 43 ni nyingi mno. Chelewesha kwa mafungu ya mistari 4, zitabaki kama 11. Baadhi ya programu za kuhariri zina kifaa cha kupotosha wakati kinachofanya kazi hii.

Hatua ya sita: sauti

Wengi hufika hapa wakiwa wamechoka, wakaweka muziki wa kinanda wenye mwangwi, na kazi ikafa. Muziki unamwambia mtu ahisi nini. Mauzauza yanataka asijue ahisi nini.

Rudi kwenye chumba kilekile, zima feni na jokofu, rekodi dakika 2 za ukimya wake. Kila chumba kina ukimya wa kwake, nao ndio utakaotandazwa chini ya kipindi chote. Kisha rekodi kila kitu kwa karibu, maikrofoni ikiwa umbali wa kiganja: funguo, kiti, jagi, koo likimeza. Sauti hizi zikiwekwa pamoja na picha ya mbali, mtazamaji atajisikia yuko mahali pawili.

Kama kanuni uliyoivunja ni ya picha, sauti iwe mwaminifu kabisa, igonge pale pale. Fremu moja ni sehemu 1 ya 25 ya sekunde, na sikio linaanza kunung'unika ukikosea fremu mbili tatu. Kama kanuni uliyochagua ni ya sauti, basi picha usiiguse. Jaribu hili: acha kila kitu kisikike sekunde moja baada ya kuonekana. Mlango unafungwa, kimya, kisha mlio. Glasi inawekwa, kimya, kisha mlio. Baada ya dakika moja mwigizaji anatoka, chumba kinabaki kitupu, na ndipo sauti ya mlango inapofika. Sekunde hiyo moja ina nguvu kuliko zimwi lolote utakalochora.

Hatua ya saba: kuhariri

Sekunde 30 za kwanza ziwe za kawaida kabisa. Mtu anaingia, anatundika funguo, hakuna kilichoharibika. Utatamani kuanza na kitu cha kuvutia watu wasije wakahamia kwingine, lakini mtazamaji asiyekijua chumba hatajua kimegeuka lini.

Wakati wa mauzauza, usikate. Maji yanapolala upande, picha moja, kuanzia jagi linaponyanyuka mpaka glasi inapowekwa. Ukikata katikati, unampa mtazamaji mlango wa kutokea: "Aa, hapo ndipo walipobadilisha." Kata kabla au kata baada.

Kuhusu urefu, mwongozo wangu ni kuacha picha mpaka nianze kuona aibu, kisha kuongeza sekunde 3. Mwaka 1983 msanii wa video Bill Viola aliwarekodi watu 44 wakiwa wamekaa sebuleni kwao, wakiitazama kamera kimya, na kituo cha WGBH cha Boston kikavichomeka vipande hivyo katikati ya vipindi. Hakuna kilichovunjika humo. Watu wamekaa, wanatazama. Lakini anayetazama runinga akajikuta anatazamwa nayo, na hilo halifanyiki ndani ya sekunde 2.

Rangi usizipotoshe. Pale jicho linapodai kijani cha ajabu, mpe nyeupe ya ukuta wake mwenyewe.

Kabla ya kuonyesha watu

Picha zinazomweka zaidi ya mara 3 ndani ya sekunde moja zinaweza kumletea degedege mtu mwenye kifafa. Kama una kumweka kwa aina hiyo, punguza au uondoe. Onyo la mwanzoni peke yake halitoshi, kwa sababu anayeingia katikati hakuliona. Ukitumia maji karibu na taa, taa zikae mbali na ziwe zimefungwa imara. Na kama umeokota runinga ya zamani yenye kisogo ili ucheze na sumaku mbele ya kioo chake, cheza kwa nje ya runinga tu. Usiifungue mgongo. Ndani yake kunaweza kubaki umeme wa maelfu ya volti hata baada ya kuichomoa.

Mtu yeyote anayeonekana, hata aliyepita tu nyuma kwenye kioo, akubali kwanza. Ulimrekodi akikunja shuka, ukamfanya azikunje kinyume milele. Ana haki ya kujua.

Hatua ya nane: onyesha pale inapoishi

Usiwaite watu kwenye chumba chenye giza na viti vya kupanga mistari. Tumia runinga ya kawaida, mahali pake pa kawaida, mtu akiwa anaendelea na mambo yake. Mwaka 1963, msanii Nam June Paik alipoonyesha runinga alizozichezea ndani kwenye jumba la sanaa mjini Wuppertal, Ujerumani, hakuzipanga kama televisheni za dukani. Zilitawanywa chumbani, na watu walizipita kama wanavyopita samani. Namna kifaa kilivyokaa ilikuwa nusu ya kazi.

Kama unaweza, rekodia mahali palepale utakapoonyeshea. Mtu aketi kwenye kiti anachokiona kwenye skrini, mbele ya meza ileile, na glasi ileile iwe juu yake. Usimwambie muda wala jina la kazi. Usikae mbele ukitabasamu.

Wewe tazama macho yake, skrini achana nayo. Andika dakika na sekunde kila anapoiacha picha na kutazama kitu halisi chumbani: mlango, ndoano, uso wa maji. Kwenye onyesho langu la meza iliyoinama, watu watatu kati ya wanne walitazama glasi ya kweli kwenye sekunde ya 4 ya zile 6 nilizoziacha, nikajua kwamba sekunde 6 zilitosha. Wa nne alikuwa kwenye simu. Penye alama nyingi, usiguse. Pale wengi walipohamia kwenye simu, rudi ukate.

Na ile rekodi ya chumba kitupu, usiifute ukimaliza. Weka nakala mahali pawili, uandike jina la chumba, saa na taa ulizotumia. Kipindi cha pili kinaweza kuanza nayo, sekunde 40, bila mtu, watazamaji wakimsubiri mwanamke wa meza iliyoinama aingie.